Wapenzi wa michezo ya kale ya redio: nani amewahi kumjua muuaji kabla hajatajwa? Tupeane uzoefu

Wakuu, habari za jioni.

Nazungumzia michezo ya upelelezi ya redio za Marekani, ile ambayo msikilizaji anapewa kesi aumize kichwa mwenyewe. Ninayoipenda kuliko zote ni ya Ellery Queen, iliyoanza kwenye mtandao wa redio wa CBS mwaka 1939. Mpelelezi huyo alibuniwa na mabinamu wawili, Frederic Dannay na Manfred B. Lee. Mtu anauawa, mashahidi wanahojiwa, kisha mchezo unasimama ghafla. Wageni waalikwa pale studio wanaulizwa: muuaji ni nani, na umejuaje? Kila mmoja akishasema lake, ndipo jibu linatolewa.

Ninachokiheshimu ni kwamba hapo unaposimama, vidokezo vyote umeshapewa. Na kwa kuwa ni redio, huoni damu wala sura ya mtu; kila kitu lazima kipite sikioni.

Mimi na mke wangu tunasikiliza rekodi zake Jumamosi jioni, tukimenya ndizi. Wageni wakianza kuulizwa tu, tunasimamisha, kila mtu anataja jina na sababu. Mimi nafuatilia milango na funguo: nani aliweza kuingia? Yeye anavizia nani kataja jambo ambalo hakuna aliyemwambia. Kwa njia hiyo amewanasa wengi, na kelele zake majirani wanazijua!

Nyinyi mnasikilizaje?

Mdau wa Minneapolis: Mkuu, mimi ni wa Quick as a Flash, ya mtandao wa redio wa Mutual, iliyoanza 1944. Yale yalikuwa mashindano. Kila mshiriki ana kitufe chake cha kuwasha taa. Ukihisi umejua unabonyeza hapo hapo, mchezo ukiwa katikati. Ukikosea, raundi hiyo imekupita. Kesi yenyewe ilikuja mwishoni, na aliletwa mpelelezi wa mchezo mwingine maarufu wa redio. Sisi wa zamu ya usiku tunacheza vivyo hivyo wakati wa mapumziko, anayegonga meza kwanza ndiye anajibu. Presha yake si ya kitoto.

Mdau wa Tabora: Nafundisha sekondari. Nilitunga kisa kwa mtindo huo, wanafunzi wanne wakakiigiza nyuma ya pazia ili darasa lisikie sauti tu. Nikakikatisha kabla ya jibu. Kimya. Halafu binti mmoja ambaye huwa haongei kabisa akanyoosha mkono: "Mwalimu, mlinzi anasema alisikia saa ya ukutani ikigonga. Si tuliambiwa imekufa tangu asubuhi?" Darasa zima lilisimama. Tangu siku hiyo wananidai kisa kila Ijumaa.

Mleta mada: Mwalimu, huyo binti mpe hongera zetu. Hicho umeshatupa jibu, basi tuletee kingine hapa. Ila mwisho wake usiuandike mpaka kesho jioni, tubishane kwanza.