Sauti ya marehemu mama iko kwenye simu. Tuiigize kwa akili mnemba?

Mdau wa Nkuhungu: Wakuu, familia huku Chamwino imefiwa na mama, arobaini ni wiki ijayo. Simu yake imejaa voisi za WhatsApp. Vijana wanataka akili mnemba iigize sauti yake isalimie ndugu siku hiyo. Wazee wamegoma. Inawezekana? Tuanzie wapi?

Fundi Simu Sabasaba: Poleni sana. Kwanza okoeni sauti yenyewe. Msifute WhatsApp, simu isiflashiwe, na laini yake isihamishiwe simu nyingine: WhatsApp ikifunguliwa huko, ya mama inajitoa. Isipotumika siku 120, akaunti hufutwa.

Kama ni Android, ingieni kwenye mafaili: Android, media, com.whatsapp, WhatsApp, Media, WhatsApp Voice Notes. Mtakuta mafolda ya tarakimu sita, yaani mwaka na wiki. Kila faili huanza na PTT na tarehe, huishia .opus. Jina la msemaji halipo, kwa hiyo za mama zimechanganyika na alizotumiwa. Akae anayeijua vizuri sauti yake, azichambue taratibu. Nakilini folda zima mara mbili, kwenye flashi na kwenye kompyuta. Mkigeuza kuwa MP3, za asili zibaki, maana kila kugeuza kunapunguza ubora.

Bibi Harusi wa Kongwa: Kuigiza kunawezekana, dakika chache za sauti isiyo na upepo wala redio zinatosha. Shida ni Cigogo, lugha ya Wagogo aliyoongea mama. Programu nyingi zimelishwa Kiingereza zaidi, Kiswahili kidogo. Ile salamu ya "Mbukwenyi" ya mama itatoka na lafudhi ya mgeni, na mtoto wake ataisikia hiyo kasoro kabla ya neno lolote. Mimi naona wazee wako sahihi. Chezeni voisi yake halisi, hata ya sekunde 20 akiulizia mvua.

Msaidizi wa Sheria: Na vijana wasije wakaiunganisha na programu ya kuchati. Ukiiuliza shamba kaachiwa nani, itajibu kwa sauti ya mama, na jibu itakuwa imelitunga. Ukoo unaweza kugawanyika kwa hilo tu. Mirathi ina njia yake: cheti cha kifo, muhtasari wa kikao cha ukoo, Mahakama ya Mwanzo.

Mdau wa Nkuhungu: Nashukuru sana. Simu ina patani, anaijua mjukuu wa darasa la tano.

Fundi Simu Sabasaba: Aifungue yeye, leo. Wengine msibahatishe.