Kesi ikipitwa na wakati, faili lifungwe?

Wa Mkomani, Lamu: Jamani, jambo hili linanikera. Raia anapinga amri ya serikali kortini. Kesi yaahirishwa, yaahirishwa tena, na siku ya uamuzi anaambiwa amri yenyewe imekwisha, kwa hiyo ombi limepitwa na wakati na linatupiliwa mbali. Mimi sikubali. Kumbukeni kafyu ya 2014 hapa Lamu baada ya mashambulizi ya mji wetu wa Mpeketoni, jioni hadi asubuhi. Ilitangazwa kwa mwezi mmoja, ikarefushwa, ikarefushwa tena mpaka mwisho wa mwaka. Amri ya mwezi hujifia kabla faili halijafika mbele ya jaji. Mvuvi wa jarife, wavu ule mkubwa, kazi yake ni usiku. Miezi ile alilala na njaa. Korti ikifunga faili hajui kama alizuiwa kwa haki, na kafyu nyingine itaandikwa kwa maneno yale yale.

Wa Malindi: Kaka yangu, uchungu wako naujua, lakini maji yakishamwagika jaji atazoa nini? Korti hutoa amri, na amri lazima ishike kitu. Tazama rufaa ya Sheria ya Fedha ya 2023, iliyoweka ushuru wa nyumba. Mahakama ya Juu ilipoamua, Oktoba 2024, ushuru wa nyumba ulikuwa umeshatungiwa sheria yake mwaka huohuo. Kifungu cha zamani kilikuwa hakina kazi tena. Huku kwetu watu wana kesi za mashamba wanazozingoja miaka. Wao wakae kando tujadili kilichokwisha?

Wa Mkomani, Lamu: Dada, kwa hilo la ushuru tuko pamoja. Sheria mpya ina kesi yake. Lakini Mahakama hiyohiyo, Agosti 2022, iliambiwa kesi ya CDF, mfuko wa maendeleo ya maeneo bunge, imepitwa na wakati kwa kuwa sheria ya 2013 ilishabadilishwa. Ilikataa, ikaamua, ikasema sheria ile ilikiuka Katiba. Kwa hiyo mlango upo.

Na wavuvi wetu walioathiriwa na ujenzi wa bandari ya Lamu? Walishtaki 2012, wakapata hukumu 2018, ujenzi ukiwa umeshaanza. Bahari ilikuwa imeshachimbwa na mikoko imeshakatwa. Kama kumwagika kwa maji kungetosha kufunga faili, wangerudi Lamu mikono mitupu. Mahakama Kuu iliamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe Sh1.76 bilioni. Ibara ya 23 ya Katiba haikuishia kwenye amri ya kuzuia. Imetaja pia tamko la haki na fidia. Anayedai kesi imekufa aonyeshe kwanza kwamba hata viwili hivyo, tamko na fidia, havina kazi.

Foleni ya mashamba naijua, nami nimo ndani yake. Ndiyo maana nasema ombi la kupinga amri ya siku 30 lisikizwe ndani ya siku hizo 30. Likikawia kwa sababu mawakili wa serikali ndio walioomba kuahirisha, wasije baadaye kusema wakati umepita.

Wa Malindi: Hilo la mwisho nakuunga mkono. Lakini aliyekawia akiwa ni mlalamishi mwenyewe, je?

Wa Mkomani, Lamu: Hapo lifungwe, na gharama alipe.