Mrejesho: filamu yetu isiyo na skripti, bajeti laki 6

Habari zenu wakuu. Miezi mitano iliyopita niliwaomba ushauri: nina laki 6, simu mbili, waigizaji wanne wa mtaani kwetu Temeke, na hadithi isiyo na maneno yaliyoandikwa. Filamu imekamilika, dakika 41. Asanteni sana, kwa moyo wote.

Kilichotuokoa ni ule ushauri wa kuandika tu kila mhusika anataka nini na tukio liishie wapi, maneno wayatafute wenyewe. Mwenye duka na mdogo wake waligombania deni la unga mpaka mimi niliyeshika simu nikatokwa machozi. Nisingeweza kuyaandika maneno yale.

Sauti nayo: maikrofoni ndogo ya kubana kwenye kola, imechomekwa kwenye simu ya muigizaji mwenyewe mfukoni, halafu unapiga makofi mara moja mwanzoni ili baadaye uoanishe sauti na picha. Ndani ya nyumba ilitoka safi. Ufukweni Kigamboni upepo uliharibu kila kitu. Matukio mawili tumeyatupa.

Aliyesema nirekodi kwa simu zote mbili kwa wakati mmoja, nisamehe, sikukusikiliza. Nilikuwa narudia tukio kwa pembe nyingine, na bila skripti maneno yalibadilika kila mara, vipande haviungani. Tulirudia siku mbili nzima.

Pesa nyingi ilikwenda kwenye chakula na nauli, kama mlivyosema. Jumamosi tunaionyesha uani kwetu, kwa shuka jeupe na projekta ya kuazima.