Nimealikwa msiba wa Kidao Foshan: naombeni ushauri

Kutoka: Dada wa Xiaobei

Habari zenu ndugu zangu wa Guangzhou na mikoani hapa China.

Wakala anayenisaidia kupakia kontena amefiwa na mama yake. Huyo mama nimekula kwake mara nyingi, na nilipougua alinipikia uji na kuuleta mwenyewe mpaka mlangoni. Mazishi ni Jumamosi kijijini kwao, upande wa Foshan, na Ijumaa usiku makuhani wa Kidao, dini ya kale ya Wachina, watafanya ibada. Wakala kaniambia atafurahi sana nikiwepo.

Kwenda nitakwenda, hilo nimeshaamua. Ila mimi ni Mwislamu na sijawahi kuhudhuria msiba wa namna hii. Nivae nini? Rambirambi inatolewaje? Wakianza kuinama na kuchoma udi, mimi nisimame wapi? Aliyepitia haya anielekeze tafadhali.

Kutoka: Mzee wa Sanyuanli
Mada: Jibu: Nimealikwa msiba wa Kidao Foshan

Binti yangu, poleni sana. Vizuri unakwenda. Watu wa mkoa huu wa Guangdong hawasahau nani alikuja siku ya msiba.

Nguo: nyeusi, nyeupe au ya rangi iliyopoa. Nyekundu usiiguse, hata kwenye mtandio, maana kwao hiyo ni rangi ya harusi na mwaka mpya. Rambirambi tia kwenye bahasha nyeupe, na kiasi kiwe witiri: yuani 101, 301, 501. Shufwa ni ya sherehe, na nne epuka kabisa kwa sababu inasikika kama kifo. Utampa ndugu aliyekaa mezani mlangoni, naye ataandika jina lako daftarini kama wanavyofanya kwetu. Huenda akakupa kibahasha chenye peremende na sarafu. Peremende ile kabla hujafika nyumbani, sarafu itumie njiani, usilale navyo. Ukiondoka usiseme "tutaonana tena". Inamisha kichwa, nenda. Na kama kati yenu yupo mjamzito, asishangae akiambiwa asije. Wanamlinda yeye na mtoto, hawambagui.

Sasa nikueleze utakachokiona, maana usipoelewa utakaa usiku mzima umeshtuka.

Makuhani wa vijijini huku kwa Kikantoni huitwa *naam mo*, na ukiongea na mmoja wao mwite *sifu*. Wana wake na watoto, wanaishi majumbani mwao, na wengi wamerithi kazi kwa baba zao. Wanafuata njia ya Zhengyi, ile yenye makao yake makuu Longhu Shan, mkoa wa Jiangxi. Watakuja na majoho yaliyotariziwa, matoazi, ngoma, na zumari linaloitwa *suona* ambalo sauti yake inavuka mtaa mzima. Kuhani anafanya kazi ya ofisa anayepeleka barua serikalini. Imani yao ni kwamba mbinguni na kuzimu kuna idara, wakubwa, mahakimu na kumbukumbu za kila mtu. Kwa hiyo anaandika ombi lenye jina la marehemu, tarehe ya kuzaliwa na kijiji chake, analisoma kwa sauti, analigonga muhuri, kisha analichoma. Moshi ndio unaolifikisha.

Ukibahatika utaona ibada ya kuvunja milango ya kuzimu. Vigae tisa vinapangwa kuzunguka moto. Kuhani anazunguka na upanga, watoto wa marehemu nyuma yake, anavivunja kimoja kimoja, kisha anaruka juu ya ndimi za moto ili roho itoke gizani. Mimi nilisimama nyuma ya umati nikamwona kijana wa kisasa kabisa, mwenye simu ya bei mbaya mkononi, akimfuata kuhani huku analia kama mtoto. Tangu hapo sivumilii kusikia mtu akiita jambo hili mchezo wa kuigiza.

Baadaye watachoma nyumba ya karatasi, gari la karatasi, noti za karatasi. Ibada ndogo huendelea kila siku ya saba mpaka siku ya 49. Mtu aliyekulia kwenye hitima na arobaini hatapata shida kuelewa kwa nini familia inahesabu siku.

Kuhusu wewe kama Mwislamu: mwambie wakala mapema kwamba utasimama kwa heshima lakini hutashika udi wala kuinama mbele ya picha. Mimi nimesema hivyo kila mara na hakuna aliyenuna. Chakula cha pamoja baada ya mazishi nguruwe hakosekani, basi kula kabla ya kwenda.

Kutoka: Ndugu wa Wuhan
Mada: Jibu: Nimealikwa msiba wa Kidao Foshan

Shikamoo mzee. Nimesoma kwa makini, ila moyo wangu bado una wasiwasi. Vitabu vya kule nyumbani vinamtaja Laozi, anayehesabiwa mwanzilishi wa Udao, kama mwanafalsafa, basi. Hapa Wuhan nimepita Changchun Guan, ile hekalu kubwa ya Kidao, nikaona vijana wanapiga magoti na kuuliza bahati yao kwa vijiti. Na sasa unatuambia kuzimu, roho na barua za kuchoma. Sisi Wakristo tumeonywa kuhusu mambo ya mizimu. Kukaa usiku kucha mahali pa namna hiyo si kushiriki?

Kutoka: Mzee wa Sanyuanli

> Kukaa usiku kucha mahali pa namna hiyo si kushiriki?

Marahaba, mwanangu. Swali lako ni la haki. Mimi ninatenganisha kuhudhuria na kuabudu. Ninamzika jirani, simwombi mungu wa jirani. Wewe dhamiri yako ikikataa, nenda mchana ukatoe pole na rambirambi, uondoke kabla ibada haijaanza. Familia itakuelewa.

Ila tuache kuiita uchawi. Ni dini yenye maandiko, viapo, mifungo na daraja za makuhani. Mkusanyo wao mkubwa wa vitabu vitakatifu ulichapishwa mwaka 1445, wakati wa utawala wa Ming. Serikali ya China inatambua dini tano rasmi: Ubudha, Udao, Uislamu, Ukatoliki na Uprotestanti. Chama cha Wadao cha taifa kipo tangu 1957. Na dini hii imeteswa. Miaka ya Mapinduzi ya Utamaduni, 1966 hadi 1976, mahekalu yalifungwa au kugeuzwa viwanda na maghala, sanamu zikavunjwa, makuhani wakavuliwa majoho na kupelekwa mashambani. Mzee wa Kichina unayemwona leo akiwasha udi kwa mkono unaotetemeka, huenda alikaa miaka mingi haruhusiwi kufanya hivyo hata kwa mama yake mzazi.

Jambo la kisheria, na naomba wote mlizingatie: usihubiri ndani ya hekalu, usigawe vipeperushi, usianzishe mjadala wa dini na makuhani mbele ya watu. Mgeni anaruhusiwa kusali mahali palipoandikishwa, lakini kueneza dini kunaweza kumgharimu viza.

Kutoka: Mwanafunzi wa Tiba ya Kichina, Guangzhou

Shikamooni wakubwa. Naomba niongeze kitu ambacho watu wa Xiaobei wanakipita kila wiki bila kujua.

Mnaoswali Ijumaa katika msikiti wa Xianxian, pale penye kaburi linalosemekana ni la Saad bin Abi Waqqas, hamko mbali na hekalu ya Sanyuan Gong, chini ya kilima cha Yuexiu. Mapokeo yanasema ilijengwa karne ya 4 na gavana wa Nanhai, Bao Jing, kwa ajili ya binti yake, Bao Gu. Huyu mama alikuwa tabibu. Alitibu kwa kuchoma majani makavu ya mmea wa jamii ya pakanga karibu na ngozi, na majani hayo aliyachuma kilimani hapohapo. Darasani tunamsoma miongoni mwa wanawake wa kwanza wa fani hiyo wanaojulikana kwa jina. Hekaluni bado wanamheshimu, na wagonjwa wanakwenda kumwomba.

Mume wake ndiye anayetuhusu sisi watu wa Afrika Mashariki moja kwa moja. Aliitwa Ge Hong, Mdao aliyetafuta dawa ya kutokufa. Alipasha moto zebaki na madini mengine katika mlima wa Luofu, mashariki ya Guangzhou. Njia hiyo ya madini ilikuwa ya hatari, na karne kadhaa baadaye wapo wafalme wa Tang waliokufa kwa kunywa dawa za aina hiyo. Lakini Ge Hong aliandika pia kitabu kidogo cha tiba za dharura, kwa ajili ya maskini wasioweza kumlipa tabibu. Katika sehemu ya homa za vipindi anasema: chukua konzi ya *qinghao* (nao ni mmea wa jamii ya pakanga), loweka kwenye maji, kamua, kunywa maji yake yote.

Mtafiti Tu Youyou alisoma mstari huo wakati timu yake inahangaika na malaria. Akatambua kwamba Ge Hong hakuchemsha. Alihisi joto ndilo linaloharibu dawa, akabadilisha njia akatumia etha inayochemka kwa joto dogo. Ndiyo artemisinini, dawa ya malaria, na mwaka 2015 akapewa Tuzo ya Nobel. Dawa mseto tunazopewa zahanati, Tanga, Kisumu au Bujumbura, zina mstari huo ndani yake. Mdogo wangu yuko hai kwa sababu ya vidonge hivyo. Nilipofika Chongxu Guan, hekalu ya Luofu, nikaonyeshwa mahali panaposemekana ndipo jiko la Ge Hong lilipokuwa, nilishindwa kuongea.

Tafadhali lakini, mtu asianze kunywa chai ya majani hayo badala ya dawa. Kipimo chake hakijulikani, na vimelea vinajenga usugu.

Kutoka: Kaka wa Chengdu

Wapendwa, salamu kutoka Sichuan. Mzee kaeleza vizuri ya Guangdong, ila msije huku mkitarajia hayohayo. Katika hekalu kubwa za Chengdu na mlima wa Qingcheng makuhani wengi ni wa Quanzhen, njia iliyoanzishwa na Wang Chongyang karne ya 12. Hawaoi, hawali nyama, hawanyoi nywele, wanazifunga kileleni kwa kijiti. Wanaume kwa wanawake. Wanaamka kabla ya jua, wanaimba sala ya asubuhi, jioni tena. Mwite yeyote *daozhang*, awe mwanamume au mwanamke. Kusalimia, funika mkono wa kulia kwa wa kushoto mbele ya kifua. Usimuulize umri wake, ni mwiko. Kizingiti ruka, usikikanyage. Picha piga uani, usielekeze simu kwenye sanamu.

Mkipenda utulivu, epukeni tarehe 1 na 15 za mwezi wa Kichina. Siku hizo Qingyang Gong hapatoshi watu, wote wanataka kumpapasa mbuzi wa shaba. Tena kila baada ya siku kumi kuna siku ya *wu*, ambapo hakuna udi wala ibada, kwa hiyo ukikuta kimya usidhani wamefunga. Chakula cha mchana cha hekaluni ni cha mboga tupu, bila hata kitunguu wala saumu. Waislamu wenzangu hapa wanakula pale bila hofu.

Ndugu wa Wuhan, kuhusu hizo barua za kupeleka mbinguni: mapokeo yao yanasema desturi hiyo ilianza huku. Mwaka 142, wanasema, Laozi alimtokea Zhang Daoling katika mlima wa Heming akamkabidhi agano. Wafuasi walichanga vibaba vitano vya mchele. Mgonjwa alikaa chumba cha peke yake akayakumbuka makosa yake, kisha yakaandikwa karatasi tatu: moja ikapelekwa mlimani kwa mbingu, moja ikazikwa kwa ardhi, moja ikazamishwa majini. Wakuu wa mbingu, ardhi na maji ndio maofisa watatu wanaoheshimiwa Sanyuan Gong mpaka leo, na siku ya ofisa wa ardhi ni tarehe 15 ya mwezi wa saba, ile mnayoona watu wakichoma karatasi kando ya barabara. Siku hiyo pita pembeni, usikanyage majivu wala chakula kilichowekwa chini.

Mjukuu wa Zhang Daoling, Zhang Lu, alitawala eneo la Hanzhong mpaka aliposalimu amri kwa jemadari Cao Cao mwaka 215. Njiani alijenga nyumba za wasafiri, ndani mchele na nyama vimening'inizwa, bure. Unakula mpaka ushibe tu. Anayechukua kupita kiasi, pepo watamtia ugonjwa. Mimi niliyefika nchi hii bila kumjua mtu, habari hiyo imenigusa kuliko falsafa yote ya Laozi.

Kutoka: Dada wa Xiaobei

Ahsanteni sana, mzee na ndugu zangu wote. Mwenyezi Mungu awalipe. Nimeongea na wakala, kasema nisimame popote nitakapo. Swali moja limebaki: dada zake wameniomba niungane nao Ijumaa kukunja zile karatasi za dhahabu za kuchoma, na kusaidia jikoni. Sitaki kuwakatalia yote.

Kutoka: Mzee wa Sanyuanli

Karatasi ni sadaka kwa marehemu, hiyo ni sehemu ya ibada, waachie wenyewe. Jikoni nako kutakuwa na nguruwe, kwa hiyo omba upangiwe chai: kuchemsha maji, kugawa vikombe, kukusanya vyombo usiku. Msiba wa watu wengi chai haiishi, watakushukuru mpaka asubuhi. Mimi na mama watoto tunatoka Ijumaa saa kumi na moja jioni, gari lina nafasi mbili. Tusubiri nje ya kituo cha metro cha Xiaobei, na uchukue koti, uani usiku kuna baridi.