Biskuti za mbwa nazooka mwenyewe zinaota ukungu siku ya tatu, nakosea wapi?

MamaPopi, Tegeta

Wakuu habari za jioni, poleni na majukumu. Mwenzenu nina mbwa wawili hapa nyumbani, Popi ni wa kienyeji kabisa nilimpata akiwa mdogo kule Boko sasa ana miaka minne, na Tausi ni jike chotara wa German Shepherd ana miaka miwili. Shida ni Tausi. Akila vile vitafunwa vya paketi vyenye rangi nyekundu na kijani anajikuna usiku kucha mpaka kwapani ngozi inawiva na manyoya yanapukutika, nikampeleka kwa daktari wa mifugo akaniambia acha kabisa vya dukani, mpe vitu ambavyo unajua ndani kuna nini. Ndo nikaanza kuoka mwenyewe.

Naweka unga wa ngano vikombe viwili, boga la kuchemsha nimeliponda kikombe kimoja, yai moja na karanga za kusaga vijiko viwili vya chakula. Nakanda, nakata vipande kama vya kashata, naweka oveni ya gesi dakika 20 hivi mpaka juu panapata rangi nzuri. Wanazipenda mno, Popi akisikia tu mlango wa oveni anakuja kukaa kizingitini mate yanamtiririka. Ila nikizifungia kwenye kopo la plastiki, siku ya tatu nikifungua nakuta vidoa vya kijani na harufu ile ya kabati lililofungwa muda mrefu. Mara ya kwanza nilimwaga zote, mara ya pili roho iliniuma nikakwangua zenye madoa nikawapa, hawakuumwa. Nataka niwe naoka za wiki mbili kwa mara moja maana natoka asubuhi narudi usiku. Nakosea wapi? Na kuna vitu gani vingine vya asili naweza kuchanganya?

Mfugaji_UsaRiver

Dada pole, hapo shida sio oveni shida ni boga. Kikombe kizima cha boga ni maji hayo, na dakika 20 zinakausha ngozi ya juu tu, ndani inabaki laini kama keki, halafu unaifungia kwenye kopo Dar kwenye joto lile na unyevu ule, ukungu hauna sababu ya kutoota.

Mimi naoka kila Jumapili kwa ajili ya mbwa watatu. Boga lako kwanza lirudishe kwenye sufuria bila kifuniko, koroga kwenye moto mdogo mpaka likae zito kama rojo ya ubuyu, na weka nusu kikombe tu. Sukuma unga mwembamba, nusu sentimita, sio unene wa kashata. Oka nyuzi 170 dakika 25 hadi 30, toa, geuza kila kimoja, punguza moto mpaka nyuzi 100 rudisha tena saa nzima au zaidi, halafu zima oveni uache humohumo mpaka ipoe yenyewe. Asubuhi chukua kimoja uvunje kwa mkono. Kikilia ka! kama kuni kavu kimeiva, kikipinda au ndani pana weusi weusi wa unyevu rudisha motoni. Na usifunge kopo biskuti zikiwa na uvuguvugu hata kidogo, zitoe jasho kwanza kwenye ungo ulio wazi, ule mvuke ukifungiwa ndani unageuka maji kwenye kifuniko na kudondokea biskuti.

Biskuti ya mbwa asili yake ni ukavu. Mtu wa kwanza kuziuza kibiashara, James Spratt, Mmarekani aliyekuwa London miaka ya 1860, inasimuliwa wazo alilipata kwa kuona mbwa wakila zile biskuti ngumu za mabaharia. Zile zilikuwa zinakaa baharini miezi na miezi bila friji kwa sababu hazina maji basi.

BintiMoro

Asanteni kwa huu uzi. Sisi tusio na oveni tunafanyaje? Mimi natumia jiko la mkaa.

Mfugaji_UsaRiver

@BintiMoro kama unajua kuoka mkate wa kumimina basi unajua na hii. Sufuria kubwa, chini mwaga mchanga mkavu kina cha vidole viwili, pasha dakika kumi, weka sahani ya bati juu ya mchanga, panga biskuti, funika na palia makaa juu ya kifuniko. Tofauti ni kwamba mkate unataka moto wa juu uwe mkali, hizi unataka makaa machache yaliyoanza kuvaa majivu, na kifuniko uegeshe kidogo pembeni mvuke utoke. Inachukua muda lakini zinakauka vizuri kuliko hata oveni.

AfisaMifugo_Dom

MamaPopi naomba unisome vizuri hapa, na wengine pia.

Ile mara ya pili ya kukwangua usirudie tena dada yangu. Kile kidoa cha kijani unachokiona ni maua tu, mizizi yake imeshaingia ndani ya biskuti nzima, na si kila ukungu una sumu lakini kwa macho huwezi kuujua wenye sumu na usio nayo. Kikiota kimoja mwaga kopo zima, choma au fukia, usiwatupie hata kuku.

La pili ni karanga na mahindi. Mimi niko Dodoma, mwaka 2016 hapa kwetu na jirani zetu Manyara watu walikufa kwa sumukuvu, yaani sumu inayotengenezwa na ukungu, waliyoipata kwenye mahindi ya nyumbani, chakula walicholima wenyewe. Kenya mwaka 2004 kule Makueni na Kitui walikufa watu 125. Sasa mbwa ini lake kwa sumukuvu ni dhaifu sana, Marekani mwezi Desemba 2020 waliondoa sokoni chakula cha mbwa cha mahindi baada ya mbwa wengi kufa. Na watu wanasema si naoka kwenye moto mkali, hapana, moto wa oveni unaua ukungu lakini sumu iliyokwisha tengenezwa inabaki palepale. Kwa hiyo karanga usinunue zilizosagwa tayari ambazo hujui zilikuwaje, maana mashineni mara nyingi zinapelekwa zile zilizochaguliwa zikakataliwa. Nunua nzima, zimwage kwenye ungo mchana kweupe, toa zote zilizosinyaa, zilizobadilika rangi, zilizovunjika, zilizotobolewa na wadudu. Mimi kwenye kilo moja huwa natoa hata viganja viwili. Halafu kaanga usage mwenyewe. Unga wa dona nao uwe wa mahindi makavu mapya, sio yale yaliyoloweshwa na mvua stoo yakaanikwa tena, na hata yale mahindi ambayo mama anasema haya yameharibika tuwape mbwa, hayo ndiyo hasa yasiyofaa kumpa mbwa.

Dalili za ini ni mbwa kukataa chakula, kutapika, kulegea, ufizi na weupe wa jicho kuwa njano, mkojo kuwa rangi ya chai ya rangi. Ukiona njano usisubiri kesho.

Vitu vya kutochanganya, kwa haraka: vitunguu maji na vitunguu saumu hata vya unga (vinavunja damu, ndo maana mabaki ya mchuzi wa rosti sio zawadi), zabibu kavu, chokoleti, makadamia, kungumanga, na donge la hamira lisilookwa maana linaumuka tumboni na kutoa pombe. Ukinunua siagi ya karanga ya kopo iliyoandikwa haina sukari, geuza usome nyuma, ukiona xylitol au E967 (kitu cha kutia utamu badala ya sukari) rudisha rafuni, hiyo kidogo tu inashusha sukari ya mbwa mpaka anaanguka na degedege, na inaua ini.

Mwanakombo_Tanga

Mie wangu ni mlinzi wa shamba, namfanyia dagaa na maini na wala siweki ngano.

Dagaa chukua wa Mwanza waliokaushwa jua bila chumvi. Wale wa Unguja wanaochemshwa kwenye maji ya chumvi ni wakali mno kwa mbwa, hata ukiroweka bado. Wa Mwanza nao wengi huanikwa chini kwa hiyo wana mchanga, waoshe maji matatu kwenye beseni, kila maji ukiyamwaga pitisha kidole chini utausikia, mpaka kidole kiteleze. Anika tena wakauke, saga wawe unga. Kikombe kimoja cha unga wa dagaa, viazi vitamu vya kuchemsha viwili, yai moja, unga wa mchele kiasi cha kushikana, sukuma, kata, kausha kama alivyosema huyo kaka wa Arusha.

Maini ndo rahisi zaidi, hayataki unga. Chemsha dakika tano, yaache yapoe, kata nyembamba kama njugumawe ilivyo pana, tandaza, moto mdogo kwa saa mbili na nusu hadi tatu. Yanakuwa meusi magumu yanang'aa kwa juu, ukiyatikisa kwenye kopo yanalia kama kokoto. Huyo mbwa wangu alikuwa haji ukimwita, sasa natikisa kopo tu anatokea michungwani mbio.

Jambo jingine kwa wenzangu wa pwani. Nyumbani kwetu mama mkwe alikuwa hataki kabisa, nikamwelewa, sie mate ya mbwa ni najisi na chombo alicholambia kinaoshwa mara saba moja kwa udongo. Nikanunua kibao, mpini wa kusukumia na sufuria yake, vyote nimevifunga kitambaa chekundu vinakaa uani, na bakuli la mbwa haliingii ndani. Tangu hapo hakuna ugomvi, na juzi yeye mwenyewe ndo kaniletea maini kutoka sokoni.

MamaPopi, Tegeta

Nimesoma yote mara mbili mpaka nimetetemeka hapo kwenye kukwangua. Nimemwaga zote zilizobaki na zile karanga za mashine. Sasa AfisaMifugo nisaidie, Tausi nimpe hizi za dagaa? Maana wote wawili chakula chao cha kila siku ni ugali na dagaa. Na nimpe ngapi kwa siku?

AfisaMifugo_Dom

Hapo umeuliza swali zuri sana na ni vizuri umetaja ugali na dagaa. Mbwa mwenye mzio wa chakula anadhurika na kitu ambacho amekizoea, mwili umekijua muda mrefu ndo ukakichukia. Vinavyosumbua mbwa zaidi ni nyama ya ng'ombe, maziwa, kuku na ngano. Kwa hiyo biskuti yako ya mwanzo ya ngano, yai, boga na karanga, hata angeacha kujikuna usingejua kwa nini, na angeendelea usingejua nani mwenye kosa. Na dagaa kwake sio kitu kipya.

Mtafutie nyama moja ambayo hajawahi kula. Amewahi kula mbuzi? Kama hajawahi, maini ya mbuzi peke yake na viazi vitamu peke yake, vyote vikaushwe kama alivyoeleza dada wa Tanga, lakini chakula chake chote nacho kiwe hivyohivyo, nyama ya mbuzi na viazi, wiki nane bila kuonja kingine. Hii ya kubadilisha biskuti halafu jioni anakula ugali dagaa uleule haitakuonyesha kitu. Baada ya wiki nane unarudisha kimoja kimoja, kila kimoja mpe wiki mbili. Fanya na yule daktari wako maana kwapa kuwiva kunaweza kuwa viroboto au fangasi pia, na hizo wiki nane ni ndefu kama hajaangalia hivyo kwanza.

Idadi: vitafunwa visizidi sehemu moja ya kumi ya chakula cha siku. Mbwa wa kilo 15 ni biskuti nne hivi za ukubwa wa sarafu ya shilingi 200, basi. Maini usizidishe, yana vitamini A nyingi sana, vipande viwili vitatu vidogo vinatosha na isiwe kila siku maini, siku nyingine viazi.

MamaPopi, Tegeta

Mrejesho wakuu, leo siku ya kumi na moja.

Daktari ameangalia ngozi hakukuta viroboto wala fangasi, akasema sawa tujaribu mbuzi. Muuza bucha sasa ananiwekea maini ya mbuzi kila Jumamosi. Viazi nilikata nyembamba nikakausha usiku, asubuhi nikavunja kimoja pale dirishani kikalia ka! mpaka Popi akaamka. Kopo ni la bati sio la plastiki tena, nimeandika tarehe kwa peni kwenye plasta nikabandika, mpaka leo sijaona doa wala harufu.

Tausi bado anajikuna ila jana usiku alilala moja kwa moja, sikumsikia akipiga mguu sakafuni. Kwapani pamefifia, sio nyekundu ile ya kuwiva. Shida iliyobaki ni Popi, yeye ana biskuti zake za dagaa na Tausi anamvizia, juzi nimemkuta kaiba moja. Wiki nane nianze kuhesabu upya?

AfisaMifugo_Dom

Moja tu usianze upya, andika tarehe aliyoiba na uangalie kama atajikuna zaidi siku zinazofuata, hiyo nayo ni taarifa. Ila Popi mlishe vya mbuzi na viazi pia mpaka mmalize, au mpe biskuti zake nje ya geti ukiwa umesimama hapo mpaka ameze.