Uno, ESP32 au STM32 kwa kidhibiti cha pampu ya umwagiliaji, Usa River?

bustani_usa
Wakuu, habari za kazi. Kuna mzee ana shamba la mboga huku Usa River, anataka nimtengenezee kidhibiti cha pampu na vali. Nachagua kati ya bodi tatu za kompyuta ndogo: Arduino Uno ninayo tayari. ESP32 inakuja na FreeRTOS yake, programu ya kuzigawia kazi zamu za prosesa. STM32F103, ile bodi ya bluu, nasikia ndiyo baba lao kwa intarapti, zile ishara za kumkatiza prosesa ahudumie tukio papo hapo. Ijumaa kuna jamaa anashuka Kariakoo, nataka nimwagize. Ipi inafaa kwa kazi ya muda halisi, yaani isiyotakiwa kuchelewa?

rejista_sifuri
Mkuu, hapo hujatupa kitu cha kushika. Vali ngapi? Sensa gani? Pampu ya fezi ngapi? Na kubwa kuliko yote: kila kazi inatakiwa iwe imekamilika ndani ya muda gani, na ikichelewa kinaharibika nini?

bustani_usa
Samahani mkuu. Vali 6, pampu ya hosipawa 10, fezi tatu. Sensa ya presha bomba kuu, YF-S201 ya kupima mtiririko kwenye laini ya mbolea, DHT22 moja ya joto na unyevu wa hewa, modemu ya SMS. Hizo dedilaini bado sijazipanga.

saketi_njiro
Chukua Uno uliyonayo, usimwingize mzee gharama. YF-S201 inatoa mipigo kama 450 kwa lita. Hata ikifika lita 30 kwa dakika, hiyo ni mipigo 225 kwa sekunde, yaani mmoja kila milisekunde 4.4. Kwa prosesa ya megahezi 16 hiyo ni nafasi tele. Andika lupu moja safi, programu inayojirudia, isiyo na delay, ile amri ya kusubiri, basi.

tengeru_rtos
Nafasi tele mpaka usome DHT22. Maktaba nyingi zinazima intarapti zote wakati wa kuisoma. Mipigo ya mbolea inapotea, mzee anazidisha mbolea bila kujua.

saketi_njiro
Tupige hesabu kwanza, kaka. Usomaji wa DHT22 unachukua takribani milisekunde 4. Mpigo ukiingia katikati, bendera yake, ile alama ndani ya chipu, inabaki imesimama na unahudumiwa intarapti zikifunguliwa. Unaopotea ni wa pili, ukiwahi kabla wa kwanza haujahudumiwa, na kwa kasi hii hauwahi.

tengeru_rtos
Sawa, kwa sensa moja nakubali. Ila Uno ina pini mbili tu zenye intarapti yake kamili, ya 2 na ya 3. Zilizobaki zinagawana kwa makundi. Tena haikuruhusu kupanga vipaumbele: mpangilio umechongwa ndani ya chipu. Mzee akitaka laini ya pili na ya tatu ya mbolea umekwama.

kibosho_juu
Mimi nitaongea kuhusu taski, zile kazi ambazo FreeRTOS inazigawia zamu, maana watu wanadhani ukishaweka FreeRTOS mambo yamejipanga yenyewe. Mwaka jana niliitwa shamba moja la parachichi upande wa Machame, pampu imeungua sili. Kidhibiti kilifungwa na fundi mwingine: ESP32, taski tatu, ya presha, ya vali na ya modemu, zote zimebandikwa kwenye kiini kimoja cha prosesa. Taski ya modemu ndiyo iliyopewa kipaumbele cha juu kuliko zote, eti SMS za mwenye shamba zisichelewe. Ndani yake kuna lupu inayosubiri modemu ijibu "OK". Haina vTaskDelay ya kuilaza taski, haina foleni ya kupokelea ujumbe, inazunguka tu.

Mchana mtandao uko vizuri, jibu linarudi upesi, hakuna anayeshtuka. Usiku mtandao ukafifia, modemu ikanyamaza. Skejula, mgawa zamu wa FreeRTOS, inampa prosesa mwenye kipaumbele cha juu aliye tayari, na yule wa modemu alikuwa tayari muda wote. Saa hiyohiyo maji ya mfongo, mfereji wa asili, yakakata. Taski ya presha, ambayo kazi yake ni kuzima pampu presha ikishuka, haikupata zamu. Pampu ikazunguka kavu mpaka sili ikayeyuka.

Nilipofika niliifanya pini moja ibadilike kila taski ya presha inapoanza, nikashika osiloskopu. Modemu inaposubiri, mstari umelala, hautikisiki. Nikaipandisha taski ya presha juu ya ile ya modemu, na majibu ya modemu nikayafanya yaingie kwenye foleni kutoka intarapti ya UART, njia ya mawasiliano na modemu, ili taski ilale mpaka jibu lije. Kwa hiyo bustani_usa, usininunulie bodi kabla hujaandika nani anamtangulia nani.

bustani_usa
Duh, pole yao. Kwa hiyo presha juu, modemu chini kabisa?

rejista_sifuri
Kanuni ya Liu na Layland ya 1973: taski yenye kipindi kifupi zaidi ndiyo ipewe kipaumbele cha juu zaidi. Kama taski ni za vipindi na kila moja inajitegemea, matumizi ya prosesa yakiwa chini ya asilimia 69 dedilaini zote zinatimia hata taski ziwe nyingi kiasi gani. Wewe hata asilimia 10 hufiki, mradi hakuna anayezunguka bure.

tengeru_rtos
Na ukienda STM32, angalia namba. Kwenye taski za FreeRTOS, 0 ndiyo ya chini kabisa. Kwenye intarapti za Cortex-M, prosesa ya STM32, 0 ndiyo ya juu kabisa. F103 ina ngazi 16, na mpangilio wa kawaida wa CubeMX, programu ya kuipangia STM32, ni kwamba intarapti za 5 hadi 15 tu ndizo zinaruhusiwa kuita FreeRTOS, tena kwa zile amri ambazo majina yake yanaishia na FromISR. Ukiiacha intarapti kwenye 0 halafu ukaita foleni, mfumo unaganda siku usiyoitegemea. Washa configASSERT, mkaguzi wa makosa wa FreeRTOS, ikushike mapema.

saketi_njiro
Bodi nyingi za bluu zinazouzwa siku hizi zina chipu ya kuiga. Kazi ya mtu unaibebesha hiyo?

tengeru_rtos
Ninazo zinazofanya kazi bila shida. Na ESP32 nayo, ikiandika kwenye flashi, kumbukumbu inayotunza programu, intarapti ambayo haijawekwa IRAM, kumbukumbu ya ndani ya chipu, inasubiri. Hilo husemi.

umeme_himo
Mnabishana chipu na kontakta, swichi kubwa ya umeme ya pampu ya hosipawa 10, liko pembeni. Likifyatuka, waya mrefu wa sensa unaokota kelele na utahesabu mipigo ambayo haipo. Weka optokapla, inayopitisha ishara kwa mwanga bila kuunganisha umeme, na kichujio. Kitufe cha dharura na ovalodi, kinga ya mota kuzidiwa, vikate waya wa koili ya kontakta moja kwa moja, visipitie kwenye programu yoyote.

bustani_usa
Nimekupata mkuu. Nafikiri nitaagiza ESP32, na ya bluu moja ya kujaribia.

rejista_sifuri
Dedilaini ya presha ni ngapi? Mpaka sasa hujasema.

bustani_usa
Kesho naenda shambani nikapime presha inashuka kwa muda gani maji yakikatika. Halafu umeme_himo, optokapla unachukulia wapi? Hapa Arusha mjini maduka mawili wameniambia zimeisha.

umeme_himo
Moshi zipo, ila uliza kwanza kama ni za volti 24. Za 5 ndizo wamejaza.