Mto Turkwel unapita jangwani, mbona kuna msitu?

MamaKondele: Jamani watu wa Kitale, nimerudi Kisumu juzi kutoka Lodwar kule Turkana na kuna kitu kinanisumbua, kote ni mawe na vumbi, jua linachoma mpaka kisogo, lakini ukifika mtoni miti imefungana kabisa. Hayo maji yanatoka wapi?

Kijana wa Suam: Ni ya huku kwetu dada. Mto unaanzia Mlima Elgon, huku juu tunauita Suam, unashuka Pokot unapita bwawa la umeme halafu ndo unaingia Turkana mpaka ziwani. Watu wa huko wanaishi na mvua iliyonyesha kwetu.

Nakuru58: Na hata mto ukikauka juu, maji yapo chini ya mchanga. Nilifanya kazi huko, nikaona mama anachimba na bakuli mahali pakavu kabisa, mkono ulipozama hadi kwapani maji yakaanza kuchuruzika. Mizizi ya ewoi, ile migunga mikubwa, inayafuata hayohayo, ndo maana kiangazi majani yapo, na maganda yanaanguka mbuzi wanakula. Na usidhani hiyo miti haina mwenyewe! Kila familia ina kipande chake cha mto, wanakiita ekwar, huwezi kuingia tu na panga.

Kijana wa Suam: Shida sasa ni mathenge, ile miti ya miiba ya kigeni, ililetwa kuzuia jangwa ikageuka kufunga kingo zote. Inauma sana, huo ukanda ukienda mifugo itakimbilia wapi?

MamaKondele: Asanteni sana, kumbe nilipita juu ya maji na chupa yangu imeisha.